Harusi Iliyokataa Kungoja

Katika ploti yetu, jengo la kupanga mtaani Pipeline, Nairobi, mtungi wa muda umefungwa kwa mnyororo chini ya ngazi, kati ya mita za stima na pikipiki ambayo hakuna anayekubali kuwa ni yake. Mgeni hudhani ni mtungi wa gesi wa hoteli: mrefu, wa kijani, wenye koki juu na kioo kidogo ubavuni ambamo mshale hutambaa kutoka rangi ya kijani hadi nyekundu. Watoto wanakatazwa kuupanda, na wanaupanda. Watu wazima wanakatazwa kuuanikia nguo, na wanauanikia.

Kwa wale wanaoishi kwenye nyumba zenye nyasi mbele na mbwa mmoja aliyeshiba, nieleze kidogo. Muda mbichi hutoka mahali watu wanapongoja. Mtu akingoja peke yake si neno. Unamtoka kidogo tu, kama mvuke wa kikombe cha chai. Lakini wajaze watu katika jengo moja refu, wangoje maji, wangoje stima irudi, wangoje fundi wa choo aliyesema yuko njiani, wangoje mwenye nyumba ashike simu, na ule muda usiotumika unaanza kujikusanya kwenye ngazi na vichochoro. Hauonekani wala haunuki. Utaujua kwa vituko vyake.

Kabla hatujapata mtungi, mke wangu aliwahi kuinjika maharagwe, akageuka kutafuta chumvi, akayakuta yameiva, yameliwa, na sufuria imeoshwa. Hakuna aliyeshiba. Binti wa ghorofa ya pili, ambaye husuka nywele nyumbani kwake, alimsuka mteja vizuri, na alipofunga uzi wa mwisho akakuta nywele zimeota kwa chini hadi rasta zimelegea, ikabidi afumue aanze upya. Mimi nilipata baruapepe ya mhariri akiikataa makala ambayo nilikuwa bado katika aya yake ya pili. Niliimalizia hata hivyo. Alikuwa sahihi.

Mitungi ya kwanza ilikuwa ya chuma kitupu, nayo ilivuja kwenye maungio. Kilichotuokoa ni tairi kuukuu. Mafundi wa Kariokor, walewale wanaoshona akala, viatu vya matairi, huutandika mtungi kwa ndani ngozi na mpira, tabaka juu ya tabaka, na wao husema kwamba tairi lililokwisha kuizunguka nchi nzima halishtuliwi tena na mwendo wowote. Nimesoma maelezo marefu kuliko hayo na nimeyasahau yote. Mtungi ukijaa, kampuni huleta lori, wanaondoa ule uliojaa na kuacha mwingine mtupu. Hiyo ndiyo teknolojia yenyewe, na inafanya kazi vizuri sana mradi tu lori lifike.

Mwaka ule wa harusi, lori halikufika.

Harusi ilikuwa ya nyumba ya chini, mlango unaotazamana na mtungi. Mama wa nyumba hiyo ni mjane, Mwislamu aliyezaliwa na kukulia Eastlands, na mahamri yake ndiyo yanayoamsha nusu ya mtaa wetu. Mimi huniita Profesa, ingawa cheo kikubwa kabisa nilichowahi kukishika chuoni ni mhadhiri wa muda, jambo ambalo liliwafanya majirani wengi waamini kwamba mtungi ule ni fani yangu. Alinifuata nyumbani na sahani ya mahamri, nami nikajua papo hapo kwamba ninaombwa kitu kisichokataliwa.

Alianza mbali. Alinikumbusha binti yake wa kwanza, aliyeolewa walipokuwa wakiishi ploti nyingine, ambako mtungi ulikuwa umeachwa ujae hadi ukalegea koki. Siku ya harusi yeye mama alikuwa chumbani mbele ya kioo, akijifunga leso kichwani, akisikia ngoma zikiingia uani. Alipogeuka kutoka kwenye kioo, vijana walikuwa wanashusha hema. Alasiri yote ilikuwa imempita, yeye na kila mtu aliyekuwa upande ule wa nyumba. Binti alikuwa ameshaolewa na ameshaondoka. Ndoa ni nzuri, ina watoto, hana la kulalamikia. Picha zipo pia, ila mama hayumo hata kwenye moja.

“Kila mtu aliniambia alipendeza,” alisema. Kisha akaisogeza sahani upande wangu. “Huyu wa mwisho nataka nimwone mwenyewe, Profesa.”

Nilitoka naye tukaenda kuutazama mshale. Ulikuwa umeshaiacha rangi ya kijani.

Basi tukafanya kile ambacho watu wa mitaa hii hufanya mwenzao akiwa na jambo, liwe la furaha au la msiba: tukaunda kamati. Mwenyekiti akawa mzee wa ghorofa ya tatu, karani mstaafu wa mahakama za Makadara, mtu aliyeitumia kazi yake yote kutoka mlangoni na kuita majina ya watu waliokuwa wakingoja tangu alfajiri. Mzee huyu anaamini kwamba kikao anachokifikia kwa wakati si kikao cha hadhi yake. Mimi nikawa katibu, kwa sababu ya ile fani yangu. Binti wa nywele akawa mjumbe, na baada yake wakawa wajumbe wengine wengi, kwa kuwa katika ploti yetu kumwacha mtu nje ya kamati ni kumtukana.

Tulikubaliana kukutana kila jioni chini ya ngazi, kando ya mtungi, ili jambo tunalolijadili tuwe tunaliona. Kila mtu alikuja na kigoda chake. Tuliofika mapema tuliwangoja waliokuwa bado. Tukishatimia tulimngoja mwenyekiti. Tulipiga gumzo kidogo, tukaishiwa, tukaukodolea macho mshale na kutikisa vichwa. Mwenyekiti alipoteremka hatimaye, koti limefungwa vifungo vyote, tulisimama, tukaketi, tukasoma ajenda, ambayo ilikuwa moja.

Mshale ukazidi kupanda. Kadiri ulivyopanda ndivyo tulivyoitisha mikutano ya dharura, na mkutano wa dharura huchelewa kuanza kuliko wa kawaida, kwa sababu mwenyekiti anahitaji muda zaidi wa kujitayarisha. Tuliipigia kampuni simu. Msichana wa kule alijibu kwa adabu kwamba lori liko njiani, liko karibu kabisa, tuweke mtu pale kona alingoje. Tukamweka. Tukaanza pia kutafuta mchawi. Ghorofa ya nne palikuwa na kijana aliyekuwa akingoja viza, mtu mpole, na kamati iliazimia kumwomba kwa heshima akaingojee kwa kaka yake, mtaa wa Umoja. Alibeba begi lake akaenda. Mshale haukujali.

Kilichotuokoa ni mvua. Ilinyesha ghafla jioni moja ikamkuta mwenyekiti akitoka dukani, naye akakimbilia chini ya ngazi kujisitiri, ndipo tulipomkuta pale sisi sote, akiwa amelowa na amewahi. Hakuna aliyejua la kufanya. Tulifungua kikao, tukakifunga, na kila mtu alikuwa nyumbani kwake kabla ugali haujasongwa.

Kesho yake tuligundua kwamba mshale haujasogea. Mwenyekiti alipoteremka kwa kuchelewa kama desturi yake, alitueleza kwamba haya ndiyo matunda ya uongozi imara.

“Mzee,” alisema binti wa nywele, “si ni vile jana hatukukungoja.”

Mwenyekiti akamtazama juu ya miwani.

“Hii kitu ni sisi tunaijaza,” binti akaendelea. “Tunakaa hapa kila jioni tukikungoja, alafu tunashangaa ati imejaa.”

“Kamati haingoji,” alisema mwenyekiti. “Kamati inakaa.”

Lakini sisi wengine tulikuwa tayari tunatazamana. Mimi, niliyekuwa nikiwaeleza wageni wa ploti, kwa mikono yote miwili na mifano miwili mitatu, jinsi muda mbichi unavyotoka mahali watu wanapongoja, niliviangalia vigoda vyetu vilivyouzunguka ule mtungi kama watu wanaoota moto. Haikuwa imenijia hata mara moja. Katika akili yangu kungoja ni kile wanachofanya watu wengine, kwenye foleni. Sisi tulikuwa mkutanoni.

Wa kwanza kucheka alikuwa mama wa chini mwenyewe. Alicheka hadi akauegemea mlango wake.

“Kumbe muda wote huu mnanijazia,” alisema, na hapo hata mwenyekiti akashindwa kujizuia, ingawa alicheka kwa kiasi kinacholingana na wadhifa wake. Tuliivunja kamati palepale. Mwenyekiti alitaka hoja hiyo iahirishwe hadi kikao kijacho, akazomewa.

Hata hivyo mshale ulikuwa umebakiza upana wa kidole kufika mwisho wa nyekundu, na harusi yenyewe ilikuwa inakuja. Hapa Nairobi hakuna kinachotoa muda mbichi kama harusi. Kadi husema saa nane, watu wakaja saa kumi, kwa sababu kila mtu anajua kwamba saa nane maana yake ni saa kumi, na wale wachache wasiojua huketi kwenye viti vya plastiki wakitazama hema. Halafu wote pamoja wanamngoja bwana harusi. Halafu bwana harusi na wote pamoja wanamngoja shehe. Mzee wa korti, ambaye sasa hakuwa mwenyekiti wa chochote lakini aliendelea kuzungumza kama mwenyekiti, alishauri harusi isogezwe mbele hadi lori lifike. Mama wa chini akamwambia kwamba kusogeza mbele ni kungoja tu kwa jina jingine.

“Basi siku hiyo hapatakuwa na wa kungoja,” alisema. “Kwangu hakuna mtu amewahi kukaa bure.”

Na ni kweli. Hata mimi, nikienda kununua mahamri, huwa najikuta nimeshika mwiko. Kwa desturi ya watu wake, siku chache kabla ya harusi wanawake hukusanyika kuuchagua mchele wa pilau, kila mmoja na ungo wake, wakitoa vijiwe na kupeana umbea. Mwaka huo aliuacha mchele wote bila kuchaguliwa. Hakukwangua nazi wala hakumenya kitunguu. Alikwenda akaazima nyungo, mbuzi za nazi na visu katika kila ghorofa, akavipanga mlangoni kama mtu anayefungua duka.

Jumamosi ilipofika, hema likafunga barabara kati ya ploti yetu na ile inayotazamana nayo, na mimi nikachukua kigoda changu nikaenda kuketi mbele ya mtungi. Niliona kwamba ni jukumu langu. Mke wangu alipita na beseni la vyombo, akasimama.

“Na wewe hapo unafanya nini?”

“Nauangalia mshale.”

“Unangoja upande,” alisema. “Wewe peke yako hapo ni kamati nzima.”

Akakigeuza kigoda nikatazama ukuta, akaniwekea mapajani sinia la vitunguu saumu. Basi niliuona mwanzo wa harusi ile nikiwa nimeupa mgongo mtungi ambao ungeweza kutumeza alasiri yetu yote, na siruhusiwi kugeuka kuuliza hali yake. Nimeandika makala nyingi kuhusu imani. Sikuwahi kuielewa kama nilivyoielewa nikimenya vile vitunguu.

Wageni walikuja kwa mtindo wao, wengine mapema, wengine walivyotaka, na hakuna aliyefika kwenye kiti. Mlangoni alikuwepo binti wa nywele, kucha zake mpya zimepakwa rangi ya dhahabu, akimkabidhi kila mtu kazi kabla salamu haijaisha. Wanawake waliingia ndani na nyungo. Wanaume walikatakata kachumbari, wakakwangua nazi, wakachochea moto chini ya masufuria makubwa. Mjomba wa bwana harusi, mzee mnene wa kanzu, koti na bakora, alipewa kisu na rundo la nyanya, akavipokea kama mtu aliyekabidhiwa mtoto wa wenyewe ambaye ameshalowesha nepi.

Tatizo letu likawa kwamba watu wengi hivyo hufanya kazi haraka. Bwana harusi alipowasili na wenzake, pilau lilikuwa limeshafunikwa na makaa yako juu ya kifuniko, kachumbari iko tayari, nazi imekwisha. Shehe hakuwapo. Alikuwa amefungisha ndoa nyingine upande wa Eastleigh, na simu alipoishika alisema neno moja lililotugandisha damu: alikuwa njiani.

Watu wakaketi kwenye mikeka. Mikono ikawekwa magotini. Mtu akatazama saa, na jirani yake akamwona, naye akatazama yake. Nyuma yangu mtungi ukaanza kutoa sauti ambayo sikuwahi kuisikia, sauti ya birika linalofikiria kuchemka. Vitunguu vilikuwa vimeniishia. Nilimenya ganda.

Mama wa chini akatoka ndani ameburuta gunia lililobaki la mchele, ule wa siku ya pili, ambao wanawake walikuwa wamekwisha kuuchagua hadi unang’aa. Aliumimina kwenye karai kubwa la kufulia. Kisha akachukua mfuko wa ndengu, akaumwaga humohumo, akachanganya kwa mikono hadi viwikoni.

“Upande wa bwana harusi wakae huku,” alisema. “Wetu wakae kule. Mchele kwake, ndengu kwake. Tuone ni watu gani tunawapa mtoto.”

Mjomba wa bwana harusi alitazama ndani ya karai. “Mama, huu mchele si ulikuwa umeshachaguliwa?”

“Ulikuwa,” alisema mama.

Sikujua kama kazi ya kubuniwa namna hiyo ingehesabika. Nilidhani labda mtungi ungejua kwamba tunaudanganya. Lakini upande wa bwana harusi hauwezi kushindwa mbele ya upande wa bibi harusi, hata iwe ni kuchagua ndengu, na baada ya muda mfupi hapakuwa na mtu aliyekumbuka kwamba palikuwa na kitu cha kungojwa. Makoti yalivuliwa. Mjomba aliweka bakora chini na kupiga magoti. Mzee wa korti alijiteua mwamuzi, akashutumiwa kwa upendeleo na pande zote mbili, akatishia kuwatoa watu nje ya hema. Kijana mmoja wa kwetu alikamatwa akificha ndengu mfukoni ili ungo wa upande wake uonekane safi. Bwana harusi mwenyewe alikuwa katikati, kanzu nyeupe hadi magotini imejaa vumbi la mchele, akiwapigia wenzake kelele waongeze mwendo.

Shehe alifika akatoa salamu. Hakuna aliyemsikia. Akatoa tena.

“Waalaikum salaam,” alisema mzee wa korti bila kugeuka. “Kaa upande wa bwana harusi, hao wanashindwa.”

Na shehe akakaa. Akapewa ungo, na kwa jinsi alivyoupepeta ilionekana wazi kwamba amelelewa katika nyumba ya dada wengi. Walimaliza raundi ile kabla mtu hajatambua kwamba yule mgeni mwenye ndevu ndiye tuliyekuwa tukimhitaji. Bado kila upande unadai kwamba ulishinda.

Ndoa ilifungwa hapohapo, nyungo zimesukumwa pembeni. Baba mdogo wa binti ndiye aliyemwoza. Bwana harusi alijibu kwa sauti ya chini mno, shehe akamwomba arudie, naye akarudia kwa sauti ileile aliyokuwa akiwapigia kelele wenzake, kwamba amekubali. Vigelegele vikatoka kwenye balkoni za kila ghorofa, na za ploti ya mbele pia, kwa watu ambao hawakualikwa na ambao, kwa kawaida ya mtaa wetu, ni wageni vilevile.

Mama wa chini hakupiga kigelegele. Alikuwa dirishani kwake, ameshika vyuma kwa mikono miwili, na mke wangu aliyesimama kando yake anasema hakupepesa jicho. Bwana harusi alipoingia chumbani kumpa binti mkono, mama alimfuata nyuma moja kwa moja, akasimama mlangoni, na hakuna aliyethubutu kumwambia apishe.

Lori lilikuja wiki iliyofuata. Dereva alikitazama kioo akataka kujua ni nani aliyekuwa akisumbua ofisi kwa simu, maana mtungi huu, alisema, ulikuwa bado na nafasi.

Lakini hiyo ilikuwa baadaye. Jumapili asubuhi, siku iliyofuata harusi, mama wa chini alipanda ngazi na sahani ya pilau iliyofunikwa kwa kitambaa. Alikuwa ameshapita ghorofa nyingine mbili. Aliketi, akakataa chai, akaanza kutusimulia harusi. Aliisimulia tangu mwanzo, kama kwamba tulikuwa safarini: nani alikuja wa kwanza, buibui la shemeji yake lilivyonaswa na mbuzi ya nazi, rangi ya gauni, hina ilivyokolea mkono wa kushoto kuliko wa kulia, jinsi bwana harusi alivyovua viatu akakosea akaacha kimoja nje. Mimi nilikuwa pale. Mke wangu alikuwa pale zaidi yangu. Tulimsikiliza, na nikauliza maswali niliyoyajua majibu yake.

“Halafu akacheka,” alisema. “Bwana amemwekea mkono hapa kwenye paji la uso, watu wote kimya, na mtoto yule akacheka. Mlimwona?”

Mke wangu akasema kwamba hapo hakuona vizuri, watu walimziba. Akamwomba aanze tena, kuanzia kwenye viatu.